Hapa Nguo Hailali Chafu

Kuna watu wanaowajua wenzao kwa sura, na wengine kwa sauti. Dobi huyu aliwajua kwa kola. Ukimpa shati lako bila kusema neno, aliligeuza shingoni mara moja tu akajua kama ulilala kitandani au kwenye kiti, kama umepanda cheo au bado unabebeshwa magunia, na kama mkeo anakusemesha siku hizi. Hakuwa mbea. Aliyoyaona kwenye nguo aliyaacha kwenye maji, na maji akayamwaga mtaroni. Ndiyo maana mtaa mzima ulimwamini hata kwa nguo za ndani.

Chumba chake cha kazi kilitazama barabara, na nyuma ya pazia kulikuwa na chumba cha kulala. Humo ndimo walimoishi yeye na mkewe miaka thelathini na miwili. Mbele kulikuwa na meza ndefu ya kupigia pasi, pasi mbili za mkaa zilizopokezana zamu, rafu ya nguo zilizo tayari, na ukutani maneno aliyoyaandika mwenyewe kwa rangi nyekundu: HAPA NGUO HAILALI CHAFU. Haikuwa mbwembwe ya biashara. Nguo iliyoingia asubuhi, jioni ilikuwa kambani. Iliyoingia jioni ililala ndani ya maji ya sabuni. Fundi viatu, jirani yake wa ukuta kwa ukuta, aliwaonya wateja kwamba ukimwachia dobi kuku wako kwa saa moja, utamkuta kanyooshwa mbawa na kukunjwa mara nne.

Mkewe walimwita Mama Vifungo. Kufua na kupiga pasi ilikuwa kazi ya mume. Yeye alisimama upande wa pili wa meza akinyunyiza maji kwa kopo lenye matundu, akikunja, akishona vifungo vilivyong'oka. Alikuwa na kopo la maziwa ya unga lililojaa vifungo vya kila rangi, na hakuna shati lililotoka pale likiwa na pengo. Dobi mwenyewe kazi hiyo ilimshinda. Vidole vyake vilikuwa vinene na vigumu, vimechoka kwa maji na kuungua, na sindano hakuijua iko wapi hata akiwa ameishika. Vifungo vya mikono ya shati lake alifungwa na mkewe kila asubuhi, huku akiambiwa kwamba mtoto wa miaka mitatu anamzidi akili. Alicheka. Alipenda kuambiwa hivyo.

Mungu aliwapa mtoto mmoja tu, binti, nao wakamsomesha kwa povu la sabuni mpaka akapata kazi ya ofisini katika mji wa mbali, mwendo wa siku mbili kwa basi. Siku anaondoka, baba yake alimpigia pasi kila alichokwenda nacho, hata soksi. Alijivuna kwamba mikono ya mwanawe haitapasuka kama yake.

Sasa tuje kwenye jambo lenyewe, ambalo dobi angependa tulipite kimya kimya.

Mama Vifungo aliugua wakati binti ndiyo kwanza amepata kazi nyingine iliyo nzuri zaidi, bado yumo kwenye miezi mitatu ya majaribio. Ilianza kama homa ya kawaida, ikawa kifua, mwisho akalazwa. Siku ya kwanza wodini alimwambia mumewe amwite mtoto. Dobi akasema ngoja, mama, hali itatengemaa, tusije tukamharibia kazi. Siku ya pili akamwambia tena, na dobi akasema ngoja tena. Siku ya tatu gauni la hospitali lilikuwa limefunguka kifuani. Dobi akahangaika na vile vifungo vidogo, vikamteleza kimoja baada ya kingine, na mkewe akamwambia jambo kwa sauti ndogo. Maneno hayo tutayasikia kwa wakati wake. Dobi aliyasikia vizuri, akayaelewa, na akasema ngoja. Siku ya nne asubuhi alikuta kitanda kimeshatandikwa upya.

Alimpigia binti simu. Upande wa pili ukauliza mama ameugua tangu lini, na kwa nini hakuambiwa. Dobi akaona shimo mbele ya miguu yake, akafanya kama wafanyavyo waoga: akajificha nyuma ya marehemu.

"Yalikuja ghafla," alisema. "Na mama yako mwenyewe alikataza usisumbuliwe."

Uongo huo ulimtoka laini, hauna hata kunyanzi moja. Tusimwonee sana, mfiwa husema lolote. Lakini marehemu hawezi kurudi kukanusha, na kwa hiyo kumsingizia ni rahisi, na ni vibaya kuliko kumsingizia mtu aliye hai mbele yako.

Wakubwa wa ukoo waliamua mazishi yawe kesho yake. Dobi hakuwapinga, kwa kuwa siku hiyo angekubali hata wangesema na yeye azikwe. Watu wakazika, wakala, wakampa mkono, wakatawanyika. Asubuhi iliyofuata aliamka peke yake nyuma ya pazia, na binti alikuwa bado barabarani, atafika jioni.

Alipofumbua macho aliona gauni la kazi la mkewe likining'inia kwenye msumari wa mlango. Sweta yake ya kijani ilikuwa juu ya kiti. Vitambaa vyake vya kichwa vilikuwa kwenye kamba, na pembeni kulikuwa na ule mfuko waliorudi nao hospitali. Dobi hakuwa na la kufanya, na mikono iliyofanya kazi moja miaka thelathini haimsubiri mwenyewe aipe ruhusa. Akajaza maji mabeseni matatu. Akafua magauni yote, sweta, vitambaa, mashuka, foronya, mpaka taulo. Akafikicha kola, akasuuza mara tatu, akatia wanga panapostahili wanga, akaanika, akaanua, akapiga pasi. Wakati wa kazi hiyo hakulia, na moyoni aliona kama anamtendea mkewe jambo kubwa. Haikuwahi kutoka mikononi mwake kazi nzuri kama ile.

Kisha akazikunja, akazifunga kwa magazeti na kamba, na kabla hajajua anachofanya, akaziweka kwenye rafu ya nguo zilizo tayari, katikati ya suruali za mwalimu na sare za dereva. Zikakaa pale kana kwamba mwenyewe angepita jioni kuzichukua.

Binti alifika jua likiwa limeinama. Wakakumbatiana mlangoni, wakalia mpaka fundi viatu akaacha nyundo yake. Baada ya kunawa uso, binti aliuliza nguo za mama ziko wapi. Dobi akamwonyesha rafu, na Mungu amsamehe, alimwonyesha kwa fahari. Binti akafungua furushi la kwanza, akazika uso ndani. Akafungua la pili. Alipofika kwenye sweta ya kijani aliinusa mbele na nyuma, akainusa kwapani, halafu akaiweka chini polepole.

"Umefua zote, baba?"

"Zote, mwanangu. Hata foronya."

"Nilitaka moja tu," binti alisema. "Siku mbili kwenye basi nilikuwa nawaza hiyo tu. Moja yenye harufu yake."

Hakupandisha sauti, wala hakumlaumu. Angemlaumu ingekuwa nafuu. Dobi alisimama akizitazama zile nguo zilizonyooka, akafahamu kwamba mkewe alikuwa amebaki ndani ya nguo hizo siku mbili baada ya kufa, na yeye kwa mikono yake mwenyewe amemsuuza na kummwaga mtaroni. Kama angekuwa mvivu siku moja tu katika maisha yake. Kama angekuwa fundi wa jambo lingine lolote.

Wakatafuta. Waliangalia chini ya kitanda, kwenye kapu, nyuma ya mlango. Fundi viatu aliposikia kinachotafutwa aliruka kwenda kwake, akarudi na ndala za ngozi ambazo marehemu alimpelekea azitengeneze kabla ya kuugua. Maskini, naye alikuwa amekesha nazo: soli mpya, kamba mpya, zimepakwa rangi zikang'aa. Zilinuka gundi. Binti alimshukuru kwa adabu. Fundi viatu akamtazama dobi, dobi akamtazama fundi viatu, na wote wawili wakaona jinsi wema wa fundi unavyoweza kuumiza.

Binti alikuwa amepewa ruhusa ya wiki moja kazini. Siku ya tatu alitamka kwamba hatamwacha baba yake peke yake nyuma ya lile pazia; watarudishia watu nguo zao, watampa mwenye nyumba chumba chake, watakwenda kuishi pamoja. Dobi alikuwa na hoja kumi za kukataa, na kaburi la mkewe lilikuwa ya kwanza. Hakuitoa hata moja. Mwenye deni la ukweli hana ubavu wa kubishana.

Kwa hiyo rafu ikapungua. Mwalimu akaja, dereva akaja, kila mmoja akatoa pole, akaondoka na furushi lake. Mwisho ikabaki meza. Fundi viatu alikuwa ameomba mbao zake, na wakakubaliana wampe asubuhi ya safari.

Meza ya dobi ina nguo zake. Juu kabisa kulikuwa na shuka jeupe lililofuliwa kila Jumamosi bila kukosa. Chini yake blanketi nene lililokunjwa mara mbili na kupigiliwa misumari midogo pembeni. Dobi aling'oa misumari, binti akashika upande ule aliosimama mama yake, wakaliinua blanketi pamoja. Chini yake, limelala juu ya mbao, kulikuwa na gauni.

Lilikuwa gauni la maua, au yaliyokuwa maua. Joto la miaka lilikuwa limeligeuza rangi ya chai, na katikati palikuwa na alama iliyofifia ya kitako cha pasi. Dobi alilitazama kwa muda ndipo akakumbuka. Mwaka ule walipohamia, walikuwa na blanketi moja tu, na meza ilikuwa ngumu, pasi inagonga vifundo vya mbao. Mkewe alimwambia nenda kachote maji, hili niachie mimi. Aliporudi meza ilikuwa laini. Hakuuliza imelainika kwa nini. Alikuwa kijana na alikuwa na haraka ya kuanza kazi. Kumbe bibi arusi alikuwa ametandika gauni lake zuri pekee, lile aliloingia nalo mjini, na hakulitaja tena. Kwa hiyo palepale chini ya maandishi mekundu, nguo moja ilikuwa imelala chafu miaka thelathini na miwili, ikinywa wanga, mvuke, moshi wa mkaa na jasho la viwiko vya mwanamke aliyeegemea akishona vifungo.

Mkono wa dobi ukaenda wenyewe. "Lete hapa," alisema, "nililoweke mara moja kabla ya safari."

Lakini binti alikuwa ameshalikumbatia, uso wake haupo, umo ndani ya kitambaa. Mabega yalimtikisika. Alipoinua kichwa alikuwa analia na kucheka kwa pamoja.

"Baba, hili usilifue," alisema. "Ni yeye. Ndiye mama kabisa, kama nilivyokuwa nikirudi shule nikimkumbatia."

Dobi akaliomba. Akaweka pua yake, akavuta pumzi mpaka kifua kikauma. Hakusikia kitu. Akageuza upande wa pili, akavuta tena. Kitambaa tu. Akasema kwa aibu kwamba labda uzee umemharibu pua, na fundi viatu, aliyekuwa amesimama mlangoni akisubiri mbao zake, akamwambia kwa upole ambao haukuwa kawaida yake, "Utasikiaje, ndugu yangu, na wewe mwenyewe ndivyo unavyonukia? Mimi nimekusikia kupitia ukutani miaka yote."

Hapo dobi alielewa ugumu wa hali yake. Binti amempata mama yake. Yeye, aliyelala naye kitanda kimoja, hana njia.

Meza ilipotoka nje, waliona sakafu. Saruji ilikuwa imelika mahali pawili: upande wa dobi shimo la nyayo mbili, pana na lenye kina, upande wa pili, mkabala, jingine jembamba zaidi. Dobi alikwenda akasimama kwenye lile la mkewe. Kutoka pale aliona alichokuwa akikiona mkewe kila siku, yaani nafasi aliyosimama yeye, na nyuma yake maneno mekundu ukutani. Alisimama mpaka binti akamwambia kwamba basi halimngoji mtu. Akafunga mlango, akampa fundi viatu ufunguo ampelekee mwenye nyumba, na wakaondoka.

Kwa binti kulikuwa na mashine ya kufulia iliyonguruma kwenye kona ya jiko. Binti alimkataza baba yake asiguse hata leso, akasema umefua vya kutosha, pumzika. Dobi akapumzika, kama mtu anavyopumzika akiwa amefungwa mikono. Alijifunza kukaa kibarazani. Ngozi ya vidole ililainika, nyufa zikafunga. Gauni lilikaa kwenye kabati la binti, ndani ya mfuko wa plastiki uliofungwa kwa kamba. Jumapili moja moja alimwona akifungua kidogo, akivuta pumzi moja, akifunga haraka kabla harufu haijatoka yote. Kila alipoona hivyo, aliukumbuka ule uongo wa kwenye simu. Alijiambia atasema wiki ijayo. Ngoja, alijiambia, kama alivyozoea.

Mwezi wa tano, alasiri, binti akiwa kazini, kifungo kilimdondoka dobi kwenye mkono wa shati. Alikwenda nacho kwenye kabati la binti kutafuta uzi na sindano, ingawa alijua sindano itamshinda. Akaona mfuko. Aliufungua bila tamaa yoyote, kama mtu anayebisha hodi kwenye nyumba anayojua haina watu.

Mkewe akatoka. Sijui nisemeje zaidi ya hapo. Wanga na mkaa na sabuni ya mche, na chini ya hivyo vyote yeye mwenyewe, wa asubuhi, akimfunga vifungo na kumcheka. Miezi mitano bila kazi ilikuwa imemtoa dobi ile harufu mwilini, akawa mtu baki, na sasa aliweza kuisikia kama anavyoisikia mtu baki. Kifungo kikamtoka mkononi, akakaa kwenye kitanda cha mwanawe. Makaburini alilia kwa sababu watu walilia. Siku hii alilia kwa sababu amefiwa.

Binti alirudi akamkuta hapohapo, gauni mapajani. Akashtuka, akadhani yaleyale.

"Baba, tafadhali usili..."

"Silifui," dobi alisema. "Kaa, mwanangu. Nina neno la mama yako, nimelikalia."

Akakaa.

"Nilikudanganya. Hakukataza usisumbuliwe. Alikuita."

Dobi alimtazama binti mikono, kwa kuwa uso hakuuweza.

"Alikuita siku tatu. Mimi ndiye niliyesema ngoja, kwa ajili ya kazi yako. Siku ya mwisho vifungo vya gauni la hospitali vilinishinda. Akaniambia, mwite mwanangu aje anifunge vifungo, wewe mikono yako ni ya pasi. Akatabasamu, lakini hakuwa anatania. Nilijua hatanii."

Maneno hayo yalitoka kama yalivyosemwa, hayakufuliwa wala kunyooshwa. Nje mtu alikuwa akipiga honi, akaacha.

"Siku tatu," binti alisema.

"Tatu."

"Kwa basi ni siku mbili." Alishika pindo la gauni. "Ningefika, baba."

Dobi alikuwa na majibu mengi, ya kazi, ya majaribio, ya mapenzi ya mzazi. Mara hii aliyaacha.

"Ungefika, mwanangu," alisema.

Walikaa hivyo mpaka chumba kikaanza kuwa na giza. Binti hakumwambia amemsamehe, na dobi hakuuliza. Mwishowe binti alilichukua gauni, akalikunja vibaya vibaya, akalirudisha mfukoni na kufunga kamba. Hakuuweka tena kwenye kabati lake. Aliuweka juu ya meza ya sebuleni, wanapopita wote wawili. Kisha akarudi chumbani, akaokota kile kifungo sakafuni, akatia uzi kwenye sindano, akamwambia baba yake alete mkono.